Chini kwa Mshazari

Tulimzika Mama Taaka huko Lumino Jumamosi iliyopita, na kabla majembe hayajarudishwa kwa wenyewe Etyang alikuwa ameshaniudhi. Nilikuwa nimekaa nyuma ya hema na sahani yangu ya posho na maharage, nikijaribu kumeza chochote kwa sababu nilikuwa sijala tangu nilipotoka Tororo asubuhi. Mzee mmoja mwenye koti safi akavuta kiti cha plastiki na kuketi karibu yangu. Sikumtambua mpaka alipocheka. Nywele zimekwisha, tumbo limetangulia, lakini kicheko ni kilekile cha mtu anayeomba asilaumiwe kabla hujafungua mdomo. Tuliulizana habari za watoto. Alisifu namna mazishi yalivyopangwa. Kisha, huku akikata tonge, akasema, "Unajua, Athieno, yale mambo ya Tiira, nikifikiria sasa naona ilikuwa shida ya tafsiri tu. Watu hawakuelewana." Nikaweka sahani chini. Mimi ni mkalimani wa mahakama. Kwa miaka mingi nimesimama kati ya hakimu na mshtakiwa, nikihamisha maneno kutoka Dhopadhola, Kisamia na Kiswahili kwenda Kiingereza na kuyarudisha, na tafsiri mbovu naijua inavyofanana. Ina kigugumizi. Ina aibu. Inaomba swali lirudiwe. Ya Tiira haikuwa hivyo. Ya Tiira ilikuwa laini. Nilimwambia, "Etyang, ondoka hapa kabla sijasema jambo mbele ya wafiwa." Akaondoka na sahani yake. Tangu siku hiyo silali vizuri, na kwa kuwa hasira yangu haina tena wa kumfokea, naandika.

Mwaka ninaousema nilikuwa na miaka ishirini. Ya kwetu Kisoko nayaacha, hayana kazi hapa. Nilikuwa nimemaliza sinia siksi, mwaka wa mwisho wa sekondari, na sikupata nafasi ya chuo, na kampuni moja ya dhahabu ilikuwa imefungua kambi Tiira, ikataka mtu wa jikoni anayeweza kuzungumza na kila aliyepita getini. Tiira ilikuwa ya kila mtu. Walikuwapo Wasamia wenye mashamba, Wateso, Japadhola kama mimi, na Wakenya waliovuka Busia kufuata dhahabu. Wachimbaji wa kienyeji walikuwa na mashimo yao, wakiteremka kwa kamba na kupanda na viroba vya mawe begani. Lugha iliyowafunga wote pamoja ilikuwa Kiswahili cha sokoni, kile kisichojali sana kama kikombe ni hiki au ni hii. Kampuni ilikuja na mashine, ua wa seng'enge, na chumba cha kulia kilichojengwa kwa mabati na wavu wa mbu, ambako ndiko nilikofanya kazi yangu. Nakikumbuka chumba kile kuliko darasa lolote nililowahi kukaa. Kulikuwa na meza ndefu yenye kitambaa cha plastiki kilichochorwa mananasi. Ukutani ilikuwapo ramani iliyokata ardhi kama keki, matabaka ya rangi ya waridi, kijani na kahawia, yote yameinama upande mmoja. Chini ya dirisha zilipangwa trei za bati zenye vipande virefu vya mawe ya duara, yaliyotolewa ardhini kwa mashine, yamelala safu kwa safu kama mihogo iliyomenywa. Kwenye meza hiyo wakubwa wa kampuni waliletewa mayai, soseji na mkate asubuhi. Mchana wali na kuku. Niliwahudumia nikiwa kimya, na watu hawamwogopi mtu aliyebeba birika.

Jioni nilirudi kwa Mama Taaka. Alikuwa mjane wa Kisamia, mrefu, mwenye sauti nzito, na nyumba yake ya matofali ilikuwa upande wa mashariki wa ua wa kampuni, ng'ambo ya shamba la muhogo. Alinipangisha chumba kilichokuwa cha binti yake, Nafula, aliyekufa kwa homa akiwa na umri kama wangu. Kitanda kilikuwa cha Nafula, na msumari wa kutundikia nguo. Kaburi lake lilikuwa nyuma ya nyumba, kando ya kisima, kama desturi ilivyotaka kwa msichana ambaye hakuolewa, nalo lilikuwa na sakafu ya saruji iliyolainishwa vizuri. Wiki ya kwanza nilishtuka kumwona mama huyo anaanika muhogo juu ya kaburi la mwanawe. Aliniona nilivyotazama. "Hapa jua nafika vizuri," alisema. "Na Nafula nachunga kuku isikule. Alikuwa mvivu ya kuchota maji, lakini kuchunga kuku alikuwa naweza." Kisha akacheka, na mimi nikaruhusiwa kucheka. Tulikula ugali wa wimbi na muhogo pamoja na mrenda, au mukene, dagaa wa kutoka ziwani, siku zilizokuwa njema, tumekaa kwenye kizingiti cha jiko. Aliniita *mukhana wange*, binti yangu, na alilitamka jina hilo bila kunitazama usoni, kama mtu anayejaribu nguo ya mwingine aone kama bado inakaa.

Neno lililoleta ugomvi wote nililisikia kwanza wakati wa chai. Meneja, mgeni kutoka ng'ambo ambaye sisi tulimwita Meneja tu, alikuwa akizungumza Kiingereza na Etyang. Etyang ndiye mwanajiolojia wao, kijana wa Tororo aliyetoka chuo kikuu karibuni, mwenye buti ambazo bado hazijakunjika. "Mshipa wa dhahabu unaendelea vizuri *downdip*," Etyang alisema. Meneja akajibu kwamba basi watafuata *downdip*. Kesho yake, *downdip* tena. Maji ya chini ya ardhi yanatembea *downdip*. Ubora wa dhahabu unaongezeka *downdip*. Nilikuwa nimependa sarufi shuleni, na nililitambua kuwa ni kielezi, kwa sababu kila mara lilikuja baada ya kitenzi na kukiambia kiende vipi. Nilikwenda chumbani nikalitafuta katika kamusi yangu ya shule, halikuwamo. Siku ya mapumziko niliingia duka la vitabu Tororo, nikafungua kamusi nene kuliko yangu nikiwa nimesimama, mpaka mwenye duka akaniuliza kama nanunua au nasoma. Humo pia halikuwamo. Nilikasirika kidogo, hasira ndogo ya mwanafunzi. Sikujua kwamba ilikuwa mbegu tu.

Mkutano wa kuomba ruhusa ya kijiji ulifanyika katika kanisa la mabati karibu na barabara. Nilipelekwa na kreti za soda za kugawia wazee. Mbele walikaa Meneja, Etyang, mwenyekiti wa kijiji, na Wafula. Wafula alikuwa afisa uhusiano wa kampuni, mtu wa Busia upande wa Kenya, shati lake limepigwa pasi mpaka mikono imesimama, na Kiswahili chake kilifanya watu wetu wanyamaze kwa heshima. Meneja alisimama akasema kwa Kiingereza, polepole, kwamba kampuni itafuata mshipa wa dhahabu *downdip* kuanzia kiwanja chake. Wafula akageukia watu. "Wananchi wapendwa," alisema, "kampuni itachimba kwenda chini, ndani ya kiwanja chake." Nilikuwa nimeshika kifungulio cha soda. Nilizisikia sentensi zote mbili, moja baada ya nyingine, na ingawa sikujua bado maana ya lile neno, nilijua kwamba limeingia mdomoni mwa Wafula na halikutoka. Tena yale maneno "ndani ya kiwanja chake" Meneja hakuyasema. Mama Taaka alinyanyua mkono. "Nyinyi nakwenda chini kwenu tu? Si kwetu?" Wafula akamtabasamia. "Kwetu tu, mama. Chini ni chini." Watu wakacheka, kwa sababu ilikuwa kweli, nani asiyejua chini ni wapi? Mikono ikapanda, wa Mama Taaka ukiwemo, na soda zikafunguliwa.

Baada ya miezi kadhaa baruti zilianza kugonga mahali pasipo pake. Kila adhuhuri kampuni ilipolipua, tulikuwa tumezoea kusikia mlio kutoka uani kwao. Sasa ulitoka chini ya miguu yetu. Vikombe vya Mama Taaka viligongana kabatini. Ukuta wa chumba changu ulipata ufa, mwembamba kwanza, halafu unaoweza kupitisha sarafu. "Kitu nagonga chini ya kitanda," Mama Taaka aliniambia asubuhi moja. "Kama mtu anataka kufunguliwa mlango." Kisha kisima kikageuka. Kamba iliyotosha ikawa fupi, na ndoo ikapanda na uji wa udongo mwekundu. Mama alimimina ndoo hiyo juu ya majani, akateremsha tena, akamimina tena, na kutazama mtu akifanya hivyo ni kubaya kuliko kumsikia akilia.

Siku hiyohiyo, baada ya chakula cha mchana, Etyang alibaki peke yake mezani. Nilimuuliza waziwazi, "Downdip ni nini?" Alifurahi kuulizwa, vijana wenye elimu mpya hupenda kuulizwa. Alivuta mkate ambao haujakatwa bado, akachukua kisu, akakichoma kwenye ncha moja ya mkate kwa mshazari, mpaka mpini tu ukabaki nje. "Mkate ni ardhi," alisema. "Kisu ni mshipa. Hapa kwenye mpini mshipa umetokeza juu, na hapa ndipo kiwanja chetu. Sasa ukifuata kisu kwa ndani, hushuki wima kama jiwe lililotupwa kisimani. Unashuka huku unasogea. Ndiyo downdip." Aliniambia kwamba kinyume chake ni *updip*, kupanda ukifuata mwinamo uleule, na kwamba neno hilo halina kaskazini wala kusini yake, mahali pengine litakupeleka magharibi, mahali pengine kusini, kwa sababu ni jiwe linaloamua. "Na hapa Tiira jiwe limeamua wapi?" nikauliza. "Mashariki," akasema. Nilichukua kichupa cha chumvi, nikakisimamisha juu ya mkate, ncha ya pili, pale ambapo makali ya kisu yalikuwa yamefika kwa ndani. "Na hiki kilicho juu?" Alitazama kichupa. Akasema kwa Kiingereza neno ambalo maana yake ni mzigo wa juu. "Sisi tunakiita hivyo, kitu chochote kilichofunika mawe tunayoyataka. Ni kifuniko tu." Nikamwambia, "Kichupa hiki ni Mama Taaka." Akacheka kile kicheko chake. Kisha akachomoa kisu, akakipangusa, akaomba chai.

Sitasahau unyoofu wa jambo lile. Dakika chache tu, mkate mmoja na kisu, na nilikuwa nimeelewa kila kitu, mimi niliyefeli fizikia. Ndiyo sababu nikisikia leo "shida ya tafsiri" damu yangu inachemka. Neno lile si gumu. Mtoto anayeteleza kwenye kichuguu analijua. Linaweza kusemwa Kiswahili, Kisamia, kwa mikono bila mdomo. Nimetafsiri mambo magumu zaidi mbele ya mahakimu wenye haraka: kiapo cha ukoo, jina la ugonjwa, tusi ambalo kwa lugha ya pili halisikiki kama tusi. Kinachoshindikana kutafsiriwa ni nadra sana. Kinachokataliwa kutafsiriwa ni kingi.

Nilimweleza Mama Taaka jioni hiyo, si kwa mkate bali kwa sahani iliyoinamishwa. Hakuuliza swali. Asubuhi alivaa gomesi yake ya kanisani, akafunga mkanda, akaenda ofisini kwa kampuni. Alirudi kabla jua halijawa kali. "Naambiwa neno lilisemwa," alisema. "Ati mbele ya watu wote, na mimi nikapandisha mkono." Niliingia kazini. Mchana nikiwa jikoni, upande wa pili wa wavu, nilimsikia Meneja akiuliza ni nani aliyemwambia yule mwanamke. Wafula akajibu kwa Kiingereza, tena bila kushusha sauti, "Haidhuru. Neno lilitamkwa hadharani. Si kosa letu kama hawana neno hilo kwao." Vijiko viliendelea kugonga sahani. Mtu mmoja akacheka kidogo, na kicheko hicho nilikijua ni cha nani. Kwa hiyo Etyang alikuwapo. Alisikia nilichosikia, akamaliza kuku wake. Jumamosi kule Lumino alipozungumza kuhusu watu wasioelewana, alikuwa anamzungumzia nani?

Habari ilitembea. Wachimbaji wa mashimoni walilichukua neno wakalifanya lao kabla wiki haijaisha. Walilitamka *daundipu*, wakalifanya kitenzi, na maana waliyolipa ilikuwa sahihi kuliko ya Wafula. Mtu aliyehamisha mpaka wa shamba kidogokidogo kila msimu, alikuwa amemdaundipu jirani. Bwana mmoja alisemwa amedaundipiwa mke. Nililisikia hata kwa wauza samaki wa soko la Busia, ambao hawakuwahi kuona kambi ile: usinidaundipu, weka samaki wote juu ya mizani. Lilimaanisha kuingia kwa mtu kwa chini, ukianzia kwako, huku unamchekea. Watu walicheka sana mwaka ule. Mimi nilicheka pia, halafu nilirudi kwenye chumba chenye ufa.

Mkutano wa pili uliitishwa kwa sababu kelele zilifika wilayani. Kanisa lilelile la mabati, na mimi tena na kreti zangu. Safari hii alikuja ofisa wa serikali, mwanamume mchovu mwenye miwani. Alisikiliza habari za nyufa na visima, kisha akawaeleza watu sheria. Ardhi ya juu, alisema, ni yenu, mnalima, mnajenga. Lakini kilicho chini ni cha serikali, na serikali imekipa kampuni kibali. Mama Taaka alisimama. Hakunyanyua mkono kwanza.

"Mzee," alisema, "mimi nasikia. Juu ni yangu, chini ni ya serikali. Na mtoto yangu iko chini. Yeye ni ya nani?"

Ofisa alivua miwani akaipangusa. Alimwambia pole kwa msiba. Mama akasema msiba ni wa zamani, anauliza swali la leo. Ofisa akairudisha miwani machoni. Mwenyekiti wa kijiji, ambaye mpaka hapo nilimdhania mwoga, akageuka akamwambia Etyang, "Wewe kijana ni wa kwetu. Tuambie hii neno daundipu ni nini." Kanisa zima likamtazama. Nami nilimtazama, na nakiri nilimtumainia. Niliona mkate na kisu mkononi mwake. Etyang alimtazama Meneja, kisha viatu vyake. "Ni neno la kitaalamu," alisema. "Kwa Kiswahili ni vigumu kulieleza."

Nadhani hasira ambayo bado ninayo ilizaliwa kwenye sentensi hiyo. Meneja alikuwa mgeni aliyekuja kuchukua na hakujificha. Wafula aliuza ulimi wake, na anayeuza hujulikana. Lakini huyu alikuwa na neno mkononi, zima, safi, amenionyesha mimi msichana wa jikoni kwa furaha, na mbele ya watu waliolihitaji alilificha mgongoni na kuisingizia lugha yetu umaskini. Niliweka kreti sakafuni. "Si vigumu," nilisema. Sauti yangu ilitoka kubwa kuliko nilivyotarajia. Niliwaonyesha paa. "Mvua ikinyesha juu ya bati hili, maji yanakwenda chini au hayaendi?"

"Nakwenda," watu walijibu.

"Yanaangukia palepale yalipoanzia?"

"Hapana. Kwa ukingo."

"Dhahabu imelala kama bati hilo. Imeanzia uani kwa kampuni, inashukia upande wa mashariki, chini ya nyumba zenu. Hiyo ndiyo downdip. Walisema watakwenda hivyo, na Mzungu alilitamka. Aliyewaambia 'kiwanja chake' ni Wafula."

Kisha wanawake wa upande wa mashariki wakaanza kuongea wote kwa pamoja kwa Kisamia, na viti vikasukumwa. Wafula alinyanyua mikono. "Jamani, huyu ni msichana wa jikoni," alisema, kama kwamba hilo lingewatuliza. Ofisa alifunga mkutano, akasema suala litachunguzwa. Getini mlinzi alinipa mfuko wangu wa nailoni, ndani yake kandambili na kikombe changu. Nilikuwa nimefukuzwa kabla sijafika.

Uchunguzi haukuja. Mvua zikaja. Nilikaa na Mama Taaka, nikimsaidia kuchota maji mbali, kwenye kijito, na kupalilia, na siku zile nilikuwa nimeanza kufikiri kwamba mabaya yamekwisha kwa sababu hakuna mtu anayeweza kukasirika kila siku. Asubuhi moja tulikuwa shambani, udongo bado umelowa. Tulisikia mshindo mmoja tu, mzito na wa karibu, kama lori limemwaga mchanga. Kuku walikimbia kutoka nyuma ya nyumba. Mama alitupa jembe. Nilipomfikia alikuwa amepiga magoti kwenye ukingo wa shimo pana lenye kingo nyekundu zinazomeguka, na sakafu ya saruji haikuwapo. Kisima kilikuwa kimekwenda nusu. Kaburi lilikuwa limekwenda lote. Huko chini, gizani, maji yalikuwa yakichuruzika kwenye njia ya chini iliyochimbwa na kampuni. Mama alimwita bintiye kwa jina, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama vile unavyomwita mtu aliye chumba cha pili. Nilimvuta kwa kiuno nikaanguka naye nyuma. Hakunipinga.

Kampuni ilikuja na utepe wa plastiki mwekundu na mweupe, ikazungushia shimo. Etyang alikuja na kofia ngumu na kamba ya kupimia, akapima, hakuniangalia. Wafula alisema ardhi imetitia kwa sababu ya mvua nyingi, na kwamba kampuni, kwa moyo wa kibinadamu, itamjengea mama kaburi jingine la vigae.

"Mtajenga juu ya nani?" Mama Taaka aliuliza.

Hapo Mama akachukua mkeka wake, akaenda uani kwa kampuni, akautandika kwenye mdomo wa njia ile ya kushukia, mahali magari ya mawe yanapotokea, akakaa. Wanawake wa mashariki wakamfuata, kila mmoja na mkeka na sufuria. Walipika hapohapo. Polisi walikuja, wakakuta wanawake wazima wanamenya ndizi, wakarudi. Baruti zikanyamaza. Ni katika ukimya huo ndipo Ojambo, mchimbaji wa mashimo ya kienyeji aliyekuwa akinunua muhogo kwetu, alipokuja na wenzake na kamba. Kampuni iliwakataza kwa kipaza sauti, kwa usalama wao, ikasema. Ojambo alifunga kamba kwenye shina la mti, akajifunga kiunoni, akashuka kwenye shimo lililomeza kaburi. Tulikaa ukingoni kutwa nzima tukisikiliza. Kila ndoo ilipopanda wanawake waliinuka kutazama. Mara nyingi ilikuwa udongo. Alasiri ilianza kupanda na yale tuliyoyangoja, na Mama Taaka aliyapokea mwenyewe, moja moja, akayaosha kwa maji ya kijito na kuyaweka kwenye kanga. Kipande cha gauni la njano alikitambua, kwani alilishona yeye. Jeneza halikubaki. Nilikwenda chumbani, nikamwaga nguo na vitabu vyangu kitandani, nikaleta sanduku langu la bati la shule ya bweni. Lilikuwa na jina langu limeandikwa kwa rangi nyeupe kwenye kifuniko. Mama alilipitisha kidole jina hilo. Kisha akalifunika kwa leso yake, tukampanga Nafula ndani.

Mama hakuwa tayari kumrudisha kwenye udongo wa Tiira. Mfanyabiashara mmoja wa mahindi alitoa pikapu, tukaenda Lumino alikozaliwa Mama, kwa kaka yake. Tulipanda nyuma, mimi, Ojambo na Mama aliyekumbatia sanduku ili lisigonge. Kampuni iliendelea miaka michache, ikaondoka mshipa ulipokonda, na Wafula, nasikia, alipata kazi nzuri zaidi kwa kampuni nyingine. Mama Taaka hakulala tena Tiira hata siku moja. Nami nilikwenda Tororo kutafuta kazi yoyote ya kusimama kati ya mdomo na sikio, na siku nilipoapa mahakamani kwamba nitatafsiri yote niliyosikia na hayo tu, karani alishangaa kuona nalia.

Lakini siku ile tulipofika Lumino na sanduku, kaburi lilikuwa limeshachimbwa, na katekista alikuwa akingoja na kitabu chake, mtu mpole aliyekuwa amefikiri njiani atakachosema, maana kitabu hakina sala ya kuzika mtu mara ya pili. Watu wa nyumbani walikuwa wachache. Sanduku lilishushwa kwa kamba. Katekista alianza, "Ndugu zangu, Mungu, kwa hekima yake, amemwita dada yetu Nafula kwa mara ya pili."

"Simama hapo," Mama Taaka alisema.

Katekista akasimama.

"Mungu alimwita mara moja. Mimi nilikubali, nikamzika. Hii ya pili si Mungu. Ni watu walimtoa kwa nyumba yake. Sema hivyo, ama nyamaza, tutafukia bila wewe."

Yule mtu alitazama kitabu, akatutazama sisi, akamtazama kaka yake Mama, ambaye alikuwa ameinamisha kichwa. Upepo ulipindua kurasa zake. Nilidhani atanyamaza, nilikuwa nimeshaona wanaume wengi wakinyamaza mwaka ule. Alifunga kitabu, akakiweka kwapani, akasogea mpaka ukingoni.

"Nafula," alisema, "watu walikutoa kwako."

Mama Taaka akachukua jembe la kwanza.